Kinjeo na Viambishi Vyake Vyenye Roho Mbaya

Jamani, nani aliyewadanganya watu kwamba kinjeo kinaokoa muda?

Kwa wale ambao bado wanaishi kwa amani: kinjeo ni kile kidude cha ukubwa wa redio ya zamani, chenye matundu manne mbele. Tundu la nafsi, tundu la njeo (yaani wakati wa kitenzi), tundu la mzizi, tundu la kiishio. Unapachika vipande, tuseme a, li, lip, a, unashusha mpini, na dunia inatii neno. Aliyekuwa hajalipa anakuwa alilipa. Kinakula betri kubwa nne, na nne hizo zinatosha maneno kumi na mawili tu. Raha yote imeishia hapo, yanayofuata ni kero.

Chukua shati lililoko kwa fundi cherehani. Sikukuu ni kesho, fundi anasema litakwisha. Wewe mjanja unachomoa -ta-, unapachika -me-: limekwisha. Na kweli limekwisha! Kinjeo hakijui kama limekwisha kushonwa au limekwisha duniani, kinachagua lililo jepesi. Dawa ni kutoa mzizi huo, uweke shon, halafu nyuma yake kipande cha -w- cha kauli ya kutendwa: limeshonwa. Hicho cha -w- hakiji ndani ya boksi. Unakinunua pembeni, ni kidogo kama punje ya mchele, kikianguka chini mtoto amekimeza.

Wengine wanalalamika kwamba -ta- inachelewa. Itaachaje kuchelewa? Ni kisiki cha "taka". Ukisema atakuja, kwa asili umesema anataka kuja, na kutaka hata mvivu anataka. Tena ukiiongezea "ye" ya urejeshi, ile yenye maana ya "ambaye", kisiki kinachipua upya: ni atakayekuja, lazima ile -ka- ya zamani irudi katikati. Ukilazimisha bila hiyo -ka-, mpini unakwama na mgeni wako anaganda mlangoni, mguu mmoja ndani, mmoja nje, mbu wanaingia. Kuhusu -me-, hiyo haipokei "ye" kabisa. Hakuna "amekujaye". Itabidi ununue amba-, ambayo peke yake ni kubwa kuliko mashine.

Sasa tuingie jikoni, maana huko ndiko watu wanakoumia. Vitenzi vifupi, kula, kunywa, kuja, kufa, mizizi yake ni myembamba mno, inacheza ndani ya tundu. Kwa hiyo ukitumia -na-, -li-, -ta- au -me- unaweka kabari ya -ku-: nilikula, nimekula. Ukihamia -ka- au -ki- kabari itoke: nikala, nikila. Watu wanasahau. Mtu yuko mezani na shemeji yake, anapachika ni, ka, ku, l, a. Kinjeo hakioni kabari hapo, kinaona mtendwa. Nikakula! Nani kaliwa? Wewe uliyekaa mbele yake. Kwenye meza yenye watu zaidi ya mmoja, angalieni kwanza kabari imetoka ndipo mpini ushuke.

Hiyo hiyo -ka- ina ugonjwa mwingine. Haianzi safari peke yake, inataka itanguliwe na -li-. Ukipachika nikacheka bila kuweka kwanza kitenzi chochote chenye -li-, mashine haikatai, ingekuwa afadhali ikatae. Inatafuta -li- iliyo karibu, hata ya jirani. Kama nyumba ya pili walizika asubuhi, basi walizika, ukacheka. Mtaa mzima unakununia na huna pa kukatia rufaa.

Na hu-? Ile ya mazoea? Inaziba matundu mawili kwa mpigo, la nafsi na la njeo. Unataka rafiki yako awe na mazoea ya kulipa chai, unapachika hulipa. Jina lake halina pa kukaa, unalitamka kwa mdomo, na kinjeo ni kiziwi. Zoea linamwangukia aliye karibu na mpini. Ukikasirika ukabadilisha kiishio, ukaweka -i mahali pa -a, umezidi kuharibu: hulipi. Hapo hu- imegeuka kuwa "wewe" ya kukanusha, na mwenye kibanda cha chai ameshakujua kwa sura.

Wenye nyumba ndio waliokielewa kidude hiki kuliko wote. Kitufe cha kukanusha kiko nyuma, na wanajua kwamba -li- ikikanushwa inakuwa -ku-, na -me- ikikanushwa inakuwa -ja-. Hukulipa ni habari iliyofungwa, yamepita. Hujalipa ni deni linalopumua. Hakuna mwenye nyumba hata mmoja anayebonyeza hukulipa.

Kwa majuto kuna -nge- na -ngali-. Ya kwanza ni ya mlango uliorudishwa, ya pili ni ya mlango uliopigwa kufuli. Kitabu cha maelekezo kinataka ukianza na moja umalize na hiyo hiyo, ukichanganya waya zinanuka. Lakini mitaani wanauza -ngeli-, spea feki, bei nusu. Ukiipachika, mashine inaacha majuto yako inaanza kukuuliza: ngeli gani? A-WA? KI-VI? LI-YA? Wewe umekuja kulilia kiwanja ulichoshindwa kununua, unapewa mtihani wa darasa la sita.

Na msijaribu lugha ya kijiweni. Kimepangwa kwa Kiswahili sanifu. Nimeshakula kinapokea, nishakula kinatema. Anapendaga? Tundu la -ga halipo, ukilichonga kwa kisu unapoteza dhamana.

Lakini kasoro kubwa kuliko zote haitengenezeki. Kinjeo hushika njeo, na pasipo na njeo hakina pa kushika. Mwenye bodaboda ameligundua hilo zamani. Hasemi nitafika wala nimefika. Anasema "niko njiani". Tafuta njeo hapo. Ni nafsi na -ko, basi, mpini unashuka bure na betri zinaliwa. Fundi bomba naye hana habari na vitenzi, kwake ni "sasa hivi". Hata kinjeo chenyewe kikiharibika, na kitaharibika, unakipeleka kwa fundi redio, unakaa wiki mbili, unampigia simu kuuliza kimefikia wapi.

"Bado."

Silabi mbili. Hazina hata tundu moja.