Kanieneo, mgandamizo au presha: neno lipi linabeba maana?

Kipupwe hiki nilimkuta binti wa jirani yangu hapa Uyole, Mbeya, akitoka bombani na ndoo ya lita 20 kichwani, chini ya ndoo akiwa ameweka ngata ya kitenge kilichosokotwa vizuri. Yuko darasa la saba, na siku hizo walikuwa wakirudia mada ya kani, yaani nguvu ya kusukuma au kuvuta. Aliponiamkia nikamwuliza ngata ni ya nini. “Bila ngata kichwa kinauma, mwalimu,” akajibu. Nikamwuliza tena: ukiweka ngata, mgandamizo wa ndoo kichwani unapungua au unabaki uleule? Akafikiri kidogo, akasema, “Unabaki uleule, mwalimu. Ndoo si ni ileile?”

Kwa Kiswahili cha kila siku jibu hilo ni sahihi kabisa. Kugandamiza ni kukielemea kitu kwa uzito, na uzito wa ndoo haukupungua hata chembe. Kwa fizikia jibu hilo ni kosa, kwa sababu kinachozungumzwa hapo hakipimwi kwa kani peke yake, bali kwa kani ikigawanywa kwa eneo inaloliangukia. Ndoo ya lita 20 ina uzito wa takriban nyutoni 200 (nyutoni ndiyo kizio cha kani). Tuchukulie kwamba bila ngata kitako cha ndoo kinagusa kichwa kwenye sentimita za mraba 10 tu: kila sentimita ya mraba inabeba nyutoni 20. Ngata ikitandaza mguso huo ukafika sentimita za mraba 100, kila moja inabeba nyutoni 2. Kani ni ileile, lakini maumivu yameondoka. Hicho kilichopungua mara kumi ndicho waunda istilahi walichokiita kanieneo, kwa kuunganisha kani na eneo. Watabiri wa hali ya hewa wanakiita mgandamizo, madaktari wanakiita shinikizo, na mtaani kinaitwa presha, au upepo kama kiko ndani ya tairi.

Kuwa na majina mengi si aibu kwa lugha yoyote. Shaka yangu ni kwamba majina haya hayabebi maana ileile, na mtoto anayeanza na jina moja anafika mahali tofauti na yule aliyeanza na jingine. Binti yule hakukosea kwa uzembe. Alilifuata neno, na neno likampeleka kwenye uzito.

Nianze na mgandamizo, kwa kuwa ndilo neno lenye wenyewe wengi. Kila mwaka, Mamlaka ya Hali ya Hewa inapoeleza baridi ya Juni hadi Agosti, husikika habari za migandamizo mikubwa ya hewa huko kusini, upande wa visiwa vya Mascarene na St. Helena, inayosukuma upepo wa kusi kuelekea kwetu. Mkulima wa viazi wa Makete au Njombe anayeogopa sakitu shambani amelisikia neno hili redioni miaka yote na analielewa. Na kwa hewa, neno linafaa hasa. Juu ya vichwa vyetu kuna hewa inayofika mbali sana, nayo ina uzito, na kinachopimwa na baromita kwa kweli ni ule uzito wa hewa iliyo juu yetu kwa kila eneo. Anayetetea mgandamizo anasema: kwa nini tutupe neno lililo hai, lenye kitenzi chake, lenye wasikilizaji wake, tuweke neno la kamusini? Hoja hiyo ni nzito na siwezi kuipita kwa haraka.

Hata hivyo, chukua chupa ya plastiki ya maji, inywe yote hapa Uyole, ifunge kizibo barabara, kisha panda nayo gari la Kyela. Uyole ni zaidi ya mita 1,700 kutoka usawa wa bahari, na Kyela ni kama mita 500. Masikio yataziba na kuzibuka njiani, na ukifika utakuta chupa imebonyea. Iangalie vizuri: imebonyea kiunoni, ubavu huu na ubavu ule. Haikubonyezwa kutoka juu. Mtoto aliyezoea kwamba kinachogandamiza hukaa juu ya kinachogandamizwa hana namna ya kueleza ubavu wa chupa ile. Tena mgandamizo una mzigo wa pili, kwa kuwa neno hilohilo ndilo tunalolitumia kwa hali ya kitu kubanwa kikapungua ujazo, kama hewa ndani ya pampu ya baiskeli. Hayo ni mambo mawili tofauti, sababu na matokeo, na kuyaita kwa jina moja ni kumnyima mwanafunzi nafasi ya kuyatenganisha.

Safari hiyo ya Kyela ina historia yake. Mwaka 1648, huko Ufaransa, Blaise Pascal alimwomba shemeji yake, Florin Périer, apande mlima Puy de Dôme akiwa na mrija wa zebaki ili waone kama zebaki itashuka kadiri anavyopanda. Ilishuka, na hapo ikathibitika kwamba hewa inaelemea zaidi bondeni kuliko kileleni. Mlima ule una mita 1,465. Kwa maneno mengine, mji wetu wa Mbeya uko juu kuliko kilele walichokipanda kutafuta ukweli huo, na mama yeyote wa hapa anayepika maharage anaishi ndani ya jaribio la Pascal kila siku. Maji yanachemka Mbeya kwenye nyuzi 94 hivi, Kyela kama 98, na pwani 100. Ndiyo maana maharage yetu yanataka kuni nyingi, au ile sufuria ya presha ambayo inafungia mvuke ndani mpaka maji yanapita nyuzi 115 kabla hayajachemka. Nyuzi sita zilizopotea hazitokani na ubaridi wa Mbeya, kama wengi wanavyodhani. Zinatokana na hewa iliyo nyepesi juu ya sufuria.

Sasa kanieneo. Ubora wake mkubwa ni kwamba limeficha hesabu ndani yake. Anayelitamka ameshataja vitu viwili vinavyohitajika, na kilichobaki ni kumwambia kimoja kinagawanywa kwa kingine. Pale Mwanjelwa, kwa fundi wa tairi, nimesimama mara nyingi nikisikia mazungumzo yaleyale: “Fundi, umejaza ngapi?” “Thelathini, mzee.” Thelathini nini? Zile herufi tatu zilizochapwa kwenye geji, PSI, zinasema ni pauni kwa kila inchi ya mraba, yaani kani kwa eneo. Na kizio rasmi cha kimataifa, paskali, kilichopewa jina hilo mwaka 1971, ni nyutoni moja kwa mita moja ya mraba. Fundi anasoma kanieneo mchana kutwa bila kulitamka neno hilo hata mara moja. Ningependa sana siku moja alitamke.

Wanaolipinga wana hoja mbili, na ya kwanza ni ya matumizi: neno halisemwi. Elimu ya sekondari inafundishwa kwa Kiingereza, kwa hiyo istilahi hii inamfikia mtoto, kama inamfikia, kwa muda mfupi tu wa shule ya msingi, kisha inaachwa mlangoni mwa kidato cha kwanza. Baraza la Kiswahili la Taifa, BAKITA, lililoundwa kwa sheria mwaka 1967, linaweza kusanifisha istilahi, lakini haliwezi kuisema kwa niaba ya watu. Hata upatanisho wake wa kisarufi haujatulia: wengine watasema kanieneo ya hewa, wengine kanieneo la hewa. Mimi nafuata kani, kwa kuwa ndiyo inayobeba neno, na eneo limekuja kuifafanua tu.

Hoja ya pili ndiyo inayonisumbua, kwa sababu inagusa maana yenyewe. Vijiji vingi vya nyanda zetu hizi vinapata maji ya mserereko: chanzo kiko mlimani, bomba linateremka, na hakuna pampu. Kila mita 10 za mteremko wa wima huongeza ndani ya bomba kanieneo karibu sawa na ile ya hewa yote kwenye usawa wa bahari, kiasi kwamba bomba lililoshuka mita 100 bila tangi la kati la kupunguza nguvu hiyo linaweza kupasuka bondeni. Sasa mwulize mwanafunzi aliyefundishwa kanieneo: kati ya simtanki pana na bomba jembamba lililosimama wima, vyote vikiwa na maji ya kimo kimoja, chini ya kipi kanieneo ni kubwa zaidi? Atasema ni kwenye bomba, kwa sababu eneo lake ni dogo. Mwingine atasema ni kwenye simtanki, kwa sababu maji yake ni mazito. Wote wamekosea. Ni sawasawa, kwa kuwa kinachoamua ni kina cha maji. Tena, ukimwambia kwamba ndani ya maji kila nukta ina kanieneo yake, atakuuliza kwa haki kabisa: eneo la nini, ikiwa hapo hakuna kitako wala sakafu? Na kani ina mwelekeo, lakini kanieneo haina. Neno linaloanza na kani linamwahidi mtoto mshale ambao haupo.

Kwa hiyo mgandamizo unadanganya kwa upande mmoja, na kanieneo inadanganya kwa upande mwingine. Tofauti ninayoiona ni kwamba kosa la kanieneo linarekebishika kwa kulichukua neno lenyewe kwa makini zaidi, wakati kosa la mgandamizo linakua kadiri unavyolichukua neno kwa makini.

Presha nayo ina nguvu zake. Imeshaingia kila nyumba, na inakubali viambishi na vitenzi vyetu bila kuomba ruhusa: presha ya maji, presha imepanda, usinipe presha. Siioni kuwa adui. Lakini hospitalini imefanya jambo ambalo linanitia wasiwasi: imekuwa jina la ugonjwa. Mtu anaulizwa kama amepima, anajibu, “Mimi sina presha.” Kila aliye hai anayo, vinginevyo damu isingefika kwenye vidole vyake. Mtu mzima mwenye afya huwa karibu na 120 juu ya 80, kwa milimita za zebaki, na kengele ya onyo huanza kupigwa kwenye 140 juu ya 90. Kitu kinachopimwa kimepoteza jina kwa kuwa jina limepewa maradhi, na asiyeumwa haoni sababu ya kupima kitu ambacho anaamini hana. Hapa neno shinikizo, kwamba kila mtu ana shinikizo la damu na la baadhi limezidi, linafanya kazi ambayo presha haiwezi tena kuifanya.

Kuhusu upepo nitasema kidogo tu. Dereva wa lori la Tunduma, kabla ya kuteremka Mlima Iwambi kuelekea Mbalizi, anatazama geji na kusema upepo umejaa au upepo umeshuka. Anajua anachokisema, na maisha yake na ya walio mbele yake yamekaa kwenye mshale ule. Breki za upepo ni jina zuri. Ila upepo ni hewa inayotembea, na kinachobana breki ni hewa iliyofungiwa ikatulia ndani ya tangi huku ikisukuma kila upande. Kwa dereva haina madhara. Kwa mwanafunzi wa ufundi inafaa aelezwe siku ya kwanza.

Msimamo wangu, basi, ni kwamba darasani tutumie kanieneo, na tulitumie peke yake ndani ya ukurasa mmoja, badala ya kuweka kanieneo juu na mgandamizo chini kana kwamba ni mamoja. Mgandamizo ubaki kwenye utabiri wa hali ya hewa, ambako umeshazoeleka, na mwalimu aseme wazi kwamba hapo unamaanisha kanieneo ya hewa. Lakini neno kanieneo lifundishwe kama mgawo: kila sentimita ya mraba imepata kiasi gani?

Nililijaribu hilo kwa binti yule. Wiki iliyofuata nilimwonyesha simtanki ya jirani na bomba lililosimama kando yake, nikamwuliza swali lile la kina. Hakujibu haraka. Kisha akasema kwamba kila sentimita ya mraba ya chini inabeba maji yaliyo juu yake tu, hayo mengine yanabebwa na wenzake, kwa hiyo ni sawa. Nilifurahi sana. Lakini hapohapo akaligeukia dumu la lita 20 lililojaa mpaka shingoni, akaweka kidole kwenye kona ya chini. “Na hapa, mwalimu, ambapo juu yake kuna plastiki, siyo maji yote yale?”

Hapo hakuna neno kati ya yote niliyoyataja ambalo lingenisaidia. Tukachukua dumu kuukuu, tukatoboa kwa msumari matundu manne ya kimo kimoja, moja kila ubavu, tukalijaza maji mpaka shingoni. Maji yakaruka pande zote nne, na yakaanguka kwenye vumbi umbali uleule.