Muziki wa Kifo Ukaangukia Kwenye Pilau

Filamu ilikuwa ya dakika 90, bajeti yake nauli na chai. Mwongozaji alishaapa picha imefungwa, haikatwi tena, nikapewa nakala yenye saa ya fremu, zile picha tuli zinazounda filamu, kwenye kona: fremu 24 kwa sekunde. Nikatunga muziki juu ya hiyo. Udi, fidla, ganuni na ngoma, kila ala na faili lake, ubora wa sauti kilohezi 48, biti 24, yote yakianzia sehemu moja. Sekunde mbili kabla ya picha nikaweka mlio wa "pip" wa fremu moja, wa kulinganishia.

Kumbe kituo cha televisheni kinataka fremu 25. Mhariri, kijana mchapakazi mwenye haraka zake, akaiharakisha picha. Mazungumzo yalikuwa yameshikana nayo, yakaenda nayo. Muziki ulikuwa kwenye mstari wake peke yake, ukaachwa na mwendo wake wa zamani. Akakagua ile pip, ikalingana barabara! Italingana vipi isilingane, na mwanzoni hakuna kinachochelewa? Kuchelewa kunajikusanya mdogo mdogo, sekunde 2.4 kwa kila dakika ya nakala yangu.

Usiku wa maonyesho ukumbi ulijaa, na mama mkwe wangu kajipanga mstari wa mbele na kanga mpya. Dakika za kwanza hakuna aliyeshtuka. Mlango ukifungwa, ngoma inaitikia baadaye kidogo, mtu anadhani ndiyo ufundi. Nikaanza kutokwa jasho.

Dakika ya 30 ya nakala yangu ndipo mwenye nyumba anapochomwa kisu. Akachomwa kimya kimya kama anayedungwa sindano ya malaria. Baada ya dakika moja na sekunde 12, marehemu keshasahaulika, jirani anafunua sufuria la pilau: ngoma zikapasuka, fidla zikapiga ukunga, mvuke ukapanda. Ukumbi mzima ukapiga kelele. Mama mkwe akasema kwa sauti, "Hilo pilau lina sumu!"

Mpaka kwenye mapenzi, muziki ulikuwa nyuma kwa dakika mbili kamili. Wapenzi wakakumbatiana ufukweni bila hata uzi mmoja wa ganuni. Ganuni ilikuja baba mtu anapopapasa mbuzi mnadani, akimkagua meno. Kwa muziki ule, wallahi, ungedhani anamposa.

Picha ikaisha dakika ya 86 na sekunde 24. Taa zikawashwa. Muziki wangu wa maombolezo ulikuwa bado na dakika tatu na nusu, watu wakasimama, wakaketi, wakasimama tena.

"Kaka, si tuuharakishe na muziki?" mhariri akaniuliza.

"Dogo, ukiuharakisha hivi hivi, sauti inapanda wembamba karibu sehemu saba kati ya kumi za nusu-toni, ile hatua ndogo ya muziki. Mwimbaji akijisikia atakuja na mwiko."

Tukaubana kwa programu isiyogusa wembamba wa sauti, kipande kimoja kimoja, kila faili na saa yake ya kuanzia kwenye jina. Mwongozaji akaridhia kote, ila pilau akakataa lisiguswe: watazamaji wamelipenda. Nikamwongezea kwenye ankara: "Muziki wa pilau, kipande kipya."