Kusahihishiwa upya si hisani

Ati wanafunzi wamekosa mahafali wakingoja karatasi zao zisahihishwe upya, na jibu la chuo ni "subirini seneti ikae", yaani baraza kuu la masomo la chuo? Wapi! Kifungu cha 47 cha Katiba ya Kenya kinampa kila mtu haki ya kuamuliwa jambo lake haraka na kwa haki, na sheria ya utawala wa haki ya mwaka 2015 inamruhusu anayecheleweshwa bila sababu ya maana kwenda kortini. Ila malizeni kwanza rufaa za ndani ya chuo, la sivyo jaji atawarudisha huko huko. Andikeni barua kwa msajili, nakala yenu igongwe muhuri wenye tarehe. Maneno ya karani pale dirishani hayashiki popote. Risiti ya ada ya kusahihishiwa nayo mnayo? Wakizidi kunyamaza, Ombudsman, yaani tume ya kupokea malalamiko dhidi ya ofisi za umma, hupokea malalamiko ya ucheleweshaji bila malipo.