Acheni kuwamwagia vyura chumvi

Masika yakianza tu, chumvi ya jikoni inageuka silaha. Juzi nimemkuta mtoto wa jirani ameshika kopo, chura anajinyonganyonga kibarazani, na watu wazima wamekaa palepale wanamsifu. Hasira haijanitoka mpaka leo.

Jamani, chura hanywi kwa mdomo. Maji anayafyonza kwa ngozi, hasa ile laini ya tumboni na mapajani, ndiyo maana unamkuta amejibandika kwenye udongo mbichi nyuma ya mtungi. Chumvi inamnyonya maji kupitia ngozi hiyohiyo anayonywea, na hafi mara moja. Ni mateso, hata tukiyaita usafi.

Na kosa lake ni lipi? Mwangalie usiku chini ya taa ya nje. Anatulia tuli, mende akikatiza ulimi umeshatoka na kurudi hujapepesa jicho. Kisha anafumba macho kwa nguvu, yanazama ndani kabisa na kusaidia kusukuma mlo kooni. Mende, mchwa, siafu, wote anawamaliza bure, usiku kucha.

Sumu anayo, sikatai. Yale matezi mawili nyuma ya macho hutoa utomvu mweupe akibanwa, na mbwa akimng'ata atatokwa povu. Basi ukimgusa nawa mikono. Chunjua haziletwi na chura, ni virusi vya watu. Kelele za usiku ni madume wanaita majike, mvua ikipungua wananyamaza.

Tanzania yetu imewahi kumhangaikia chura. Yule wa maporomoko ya mto Kihansi, wa manjano, hafiki sentimita 3, anazaa watoto kamili wakati huyu wa uani anataga mayai kwa maelfu kwenye uzi mrefu wa ute. Aliishi kwenye manyunyu ya maporomoko yale tu. Maji yalipochepushwa kuzalisha umeme mwaka 2000, manyunyu yakakatika. Zikafungwa bomba za kunyunyiza, lakini ugonjwa wa kuvu ukaingia, na 2009 akatangazwa ametoweka porini. Waliobaki ni wa kizazi cha wale waliopelekwa Marekani, wakarudishwa Dar 2010 na Kihansi 2012. Walistahili kila shilingi. Huyu wa uani hatudai hata senti, anataka tumwache tu.

Akiingia ndani, mzoe kwa kizoleo umpeleke kwenye maua. Akirudi kesho mtoe tena, kisha ziba ule uwazi chini ya mlango.