Dodoma, mwaka wa bustani unaanza Mei

Mvua ya kwanza ikishanyesha, iwe mwishoni mwa Novemba au Desemba, Dodoma nzima inashika jembe. Wenye mashamba ya mtama, uwele na alizeti wana haki, maana hawana msimu mwingine. Ninaowashangaa ni sisi wa viwanja vya mjini, wa mitaa kama Nzuguni, Ilazo, Nkuhungu na Iyumbu, tunaokimbilia duka la pembejeo wiki hiyohiyo kununua mbegu za nyanya na chainizi za kupanda nyuma ya nyumba. Najua majirani zangu hawatakubali wote, lakini nasema: bustani ya mboga ya nyumbani, kwa hapa Dodoma, ni kazi ya kiangazi. Mwaka wake unaanza Mei mvua zikishakatika, na ukifika Septemba umeshakula sehemu kubwa ya jasho lako. Miezi ya mvua ina kazi zake nyingine.

Nadhani tunapotoshwa na zile kalenda za kilimo tunazotumiana kwenye simu. Panda hiki vuli, kile masika. Ni kalenda nzuri kwa watu wa Pwani na Kilimanjaro, wenye misimu miwili. Sisi tuko kwenye msimu mmoja, ndiyo maana Mamlaka ya Hali ya Hewa inatutolea utabiri wetu wa Novemba hadi Aprili, pamoja na wenzetu wa Singida na Tabora. Mvua yenyewe ni milimita 550 hadi 600 hivi kwa mwaka, na haina adabu: inaweza kumwagika Januari kama imefunguliwa bomba, halafu Februari ikanyamaza wiki mbili au tatu, jua likiwaka kama la Oktoba. Mtama unavumilia hayo. Chainizi haivumilii.

Hata mvua ikija vizuri bado kuna matatizo. Mbegu za mchicha ni ndogo mno. Mvua moja kubwa inazisomba zote hadi kwenye kona ya uzio. Udongo wetu mwekundu ukipigwa na matone makubwa kisha ukakauka, unatengeneza ukoko juu na mche hauwezi kuupasua. Nyanya ndiyo usiseme: bakajani (ukungu unaounguza majani), mnyauko, matunda kuoza chini. Unapuliza dawa ya ukungu asubuhi, jioni mvua inaiosha. Na ukibahatika kuvuna, unakuta soko la Majengo limejaa mchicha, majani ya maboga na majani ya kunde kwa bei ya kutupa. Umehangaika kulima kitu ambacho mama wa jirani anakipitisha mlangoni na beseni kichwani.

Wakulima wa zabibu walishalielewa hili zamani. Mzabibu hapa unapogolewa mara mbili kwa mwaka na kuvunwa mara mbili, na wote watakwambia mavuno ya kipindi cha mvua ndiyo yanayokula dawa kwa sababu ya ubwiri, yaani ukungu wa majani na matunda, wakati zabibu za kiangazi zinaiva zikiwa na sukari ya kutosha. Ukitaka ushahidi mwingine, nenda Nane Nane pale Nzuguni. Vipando vinavyotufanya tupige picha, kabichi za kukumbatia kwa mikono miwili na nyanya zilizoning'inia kwenye kamba, viko hivyo mwezi Agosti, kiangazi katikati.

Utaniambia wale wana maji. Ni kweli, na hapo ndipo penye mjadala wenyewe. Tupige hesabu.

Tuta la upana wa mita moja na urefu wa mita tano, kipindi cha baridi cha Juni na Julai, linataka kama lita 20 kwa siku. Ndoo moja. Oktoba, upepo na joto vikikutana, tuta hilohilo linataka ndoo moja na nusu au zaidi. Simtanki la lita 5,000 lina ndoo 250. Ukiwa na matuta manne, ndoo nne kwa siku, una miezi miwili hivi kabla ya kujaza tena, na miezi miwili inatosha kuvuna chainizi na kukata mchicha zaidi ya mara moja. Sasa paa: milimita moja ya mvua juu ya mita moja ya mraba ni lita moja. Paa la mita za mraba 100, kwa mvua ya milimita 550, linapokea lita 55,000. Kidogo kitapotea, lakini hata ukikinga robo yake umepata maji ya kiangazi. Kwa hiyo kazi ya kwanza ya bustani wakati wa mvua ni mabomba ya paa, wala si jembe.

Jambo la pili ni umbo la tuta. Tumezoea kuinua matuta kwa sababu ndivyo tulivyofundishwa shuleni. Kuinua ni kwa kuondoa maji yaliyozidi, na sisi shida yetu siyo maji kuzidi. Kwa kiangazi tumia tuta la mbonyeo, lililoshuka chini ya usawa wa ardhi kwa kina cha kiganja, kingo zimeinuka pembeni. Ndoo inabaki ndani, na upepo wa Agosti unapita juu. Weka matandazo ya mabua ya mtama au nyasi kavu, ila yachunguze kila siku mbili tatu, maana mchwa wa Dodoma hawaachi kitu.

Wenye visima vya maji ya chumvi mnajijua. Ukiona ncha za majani zinaungua na kuna unga mweupe juu ya udongo, achana na maharage, karoti na vitunguu. Spinachi inastahimili zaidi. Na hapa kuna sababu nyingine ya kuacha matuta yapumzike wakati wa mvua: mvua inashusha ile chumvi iliyojikusanya kiangazi kizima.

Mimi mpangilio wangu uko hivi. Aprili mvua zikianza kulegea, kitalu cha nyanya na vitunguu kinakuwa kivulini karibu na mlango wa jikoni, ili niwaone kuku kabla hawajakiona. Mei miche inahamia kwenye matuta. Juni na Julai, baridi ikibana, ni raha tupu: chainizi, figili, karoti, kabichi, wadudu wachache, isipokuwa vidukari ambao maji ya sabuni yanawatosha. Agosti upepo unapanda na nyanya zinavunwa. Nataka ziwe zimekwisha kabla ya katikati ya Septemba, maana joto likirudi kantangaze, kiwavi wa nyanya, anarudi nalo, na huyo akishaingia ndani ya jani sina ubishi naye. Ng'oa, choma, funga hesabu. Septemba na Oktoba mtu asinidanganye na mboga mpya. Hiyo ni miezi ya samadi. Mazizi yamekauka, guta linafika mpaka zizini bila kuzama, na samadi ya zamani ni nyepesi kubeba. Mbichi inaunguza miche, iache ioze. Mashimo ya miembe, mipapai na miarobaini yachimbwe wakati huo, yasubiri mvua.

Mvua zenyewe zikija, panda miti na uache mboga ziote zenyewe. Mlenda hauhitaji kitalu. Majani ya kunde na maboga yapo kila mahali, na Wagogo wana utaratibu wao wa tangu enzi: kinacholiwa leo kinaliwa, kinachobaki kinakaushwa. Mlenda mkavu uliotwangwa unauzwa sokoni mwaka mzima, na Novemba, tuta likiwa jeupe, ndio unaosindikiza ugali. Kuna wageni waliohamia na ofisi za serikali tangu 2016 ambao bado wanaona kile ni chakula cha shida. Wakionja mlenda wenye karanga, huwa wanauliza tena.

Nimalizie na ukoka, maana jirani hasomi haya. Kiwanja cha ukoka cha mita za mraba 50, ukitaka kibaki kijani Julai, kinataka ndoo kumi kwa siku. Ndoo kumi ni matuta kumi ya chainizi. Mwenye nyumba huyo huyo asubuhi anamtuma mtoto dukani akanunue fungu la mchicha.