Ukumbi wa kichawi usio na nguzo

Inaudhi sana kusoma hadithi ya kubuni yenye ukumbi wa sherehe za kichawi "uliojengwa kwa mtindo wa Lamu", kisha ukumbi wenyewe una upana wa hatua 50 na hauna nguzo hata moja. Boriti zinashikilia nini? Boriti ya mkoko hufunika upana wa mita 2.5 hadi 3 hivi. Ndiyo maana vyumba vya Lamu ni virefu na vyembamba. Juu ya boriti hupangwa vipande vya matumbawe, halafu chokaa hushindiliwa. Dari hiyo ni nzito mno. Ukizidisha upana, boriti zinapinda katikati, chokaa inapasuka, na mvua ya masika inamalizia kazi.

Basi wekeni nguzo na matao kama msikitini! Au semeni wazi ni uchawi gani unaobeba dari, na ukikatika kinaanguka nini kwanza.

Na zidaka, yaani vishubaka vya mapambo ukutani, jamani, si matundu ya mishumaa ya kutobolewa kando ya mlango wa nje. Mahali pake ni ukuta wa chumba cha ndani kabisa, safu juu ya safu, nyuma ya misana miwili, yaani vyumba virefu vinavyokitangulia.