Filamu za Mombasa na mke anayetamani

Filamu za bajeti ndogo zinazotengenezwa Mombasa zinalaumiwa kila siku: zinafunza uchafu, zinaanika ya chumbani, na mtoto anaziona kwenye simu ya mamake. Wanaolalamika si watu wa kupuuzwa. Mji huu umelelewa kwa setara. Mambo ya kikubwa mwari aliambiwa na somo wake, yaani kungwi wake, faraghani, wakati wake ulipofika. Leo yako YouTube na hakuna anayemuuliza umri.

Lakini angalieni zinavyotengenezwa. Kamera ni moja, pengine simu tu. Waigizaji ni majirani. Nyumba imeazimwa kwa shangazi ya mtu, na shangazi akitoa sebule hatoi chumba. Kwa hivyo huo uchafu mara nyingi ni maneno matupu: mke ambaye mumewe yuko Saudia kikazi amekaa kwenye kochi na shoga yake, anamwambia amechoka kulala peke yake. Hajaguswa na mtu. Kosa lake ni kusema, tena bila fumbo.

Na kutamani hatukufunzwa na filamu. Taarabu imeimba mapenzi harusini mbele ya mama na nyanya zetu, na leso husema lililoushinda mdomo. Mwana Kupona, mshairi mcha Mungu wa kisiwa cha Pate, alipomuusia bintiye kwa utendi mnamo 1858, alimtaka ajisinge manukato, afunge nywele, atunge asumini, aziweke kitandani. Utendi huo tunausifu mpaka leo, na ni haki yake.

Kinachonikera mimi ni mwisho. Tazama filamu hizi moja baada ya nyingine: yule mke ataachwa, atapata maradhi, atarukwa na akili au atakufa. Mwanamume aliyemfuata ataomba radhi kwa wazee, kisha ataozwa. Filamu inayoshutumiwa kuharibu maadili inamhukumu mwanamke kwa ukali kuliko hao wanaoishutumu! Wenye kuzitengeneza nawaelewa. Mke asipoadhibiwa, nani atawaazima sebule tena?

Juu ya shangazi iko bodi ya serikali ya kuainisha filamu, na sheria ya Kenya ya filamu na michezo ya jukwaani, Sura ya 222, inayodai leseni kabla ya kupiga picha na kibali kabla ya kuonyesha. Filamu ya *Rafiki* ilipopigwa marufuku 2018, mwongozaji wake, Wanuri Kahiu, alisimulia kwamba bodi ilitaka abadilishe mwisho kwa kuwa ulikuwa na matumaini mno. Hiyo ni filamu ya Nairobi, ya wasichana wawili wapendanao, na ugomvi wake ni mpana zaidi. Lakini hapo kwenye mwisho tumekutana: tamaa itajwe, bora mwenye nayo ajute.

Kuhusu watoto, walalamikaji wana haki, na dawa yake ni kuainisha kwa umri na wazazi kushika simu zao. Mtu mzima naye apewe hadithi ya kikubwa. Mume arudi likizo, aambiwe ukweli wote na mkewe, wakae waulizane watafanyaje kandarasi ikiongezwa. Mazungumzo hayo yapo Kisauni na Likoni, na kuyapiga picha hakuhitaji zaidi ya sebule ile ile.